Jiwe Lisilosomwa: Uchongaji wa Mawe na Taaluma ya Kiswahili Jijini Nairobi

Katika barabara ya Kenyatta, katikati ya jiji la Nairobi, wamesimama watu watatu wa shaba juu ya kitako cha mawe. Mmoja ni askari wa Kiafrika, wa pili ni askari wa kikosi cha Waarabu, na wa tatu ni mpagazi. Ni kazi ya Mwingereza James Alexander Stevenson, nayo ilizinduliwa mwaka 1928 kuwakumbuka waliotumika katika Vita Vikuu vya Kwanza upande huu wa Afrika. Kitako chake kina maandishi ya lugha tatu: Kiingereza, Kiarabu na Kiswahili. Kila siku ya kazi maelfu ya watu hupita hapo wakielekea benki, maofisini na kwenye vituo vya matatu. Wachache mno husimama wakasoma. Miongoni mwa wanaopita wamo wanafunzi wa Kiswahili, na wengi wao huhitimu bila ya kujua kwamba lugha wanayoisomea imesimama hapo juani na mvuani kwa karibu miaka mia moja.

Si haki kumlaumu mwanafunzi peke yake. Historia ya Kiswahili, jinsi inavyofundishwa vyuoni, ni historia ya karatasi. Mhadhiri huanza na Hamziya ya Sayyid Aidarusi, ambayo aghalabu hutajwa kuwa ya mwaka 1652, akaenda kwenye Utendi wa Tambuka wa mwaka 1728, akagusia barua za Kilwa za mwanzoni mwa karne ya 18 zilizohifadhiwa Goa, kisha akaruka hadi kwa wamishonari, kamusi zao na usanifishaji. Kila kilichotangulia karatasi hupewa sentensi mbili tatu za utangulizi, pengine pamoja na picha hafifu ya gofu la msikiti, halafu ukurasa hufunuliwa. Makala haya yanashikilia kwamba mazoea hayo ni hasara. Jiwe lililochongwa ni matini kama utenzi ulivyo matini, na aliyelichonga ni mtunzi. Mwanafunzi asiyeweza kulisoma amekosa sura nzima za historia ya watu ambao lugha yao anaisomea.

Mfano ulio wazi zaidi uko Kizimkazi Dimbani, kusini mwa kisiwa cha Unguja. Katika upande wa kibla wa msikiti mdogo wa kijiji hicho mna maandishi ya Kiarabu ya hati ya Kufi, yaliyochongwa katika tumbawe, yenye tarehe ya mwezi wa Dhulkaada mwaka 500 wa Hijria, yaani mwaka 1107 wa Miladi. Hamziya ikiwekwa kando ya jiwe hilo huonekana kuwa kijukuu chake: kati yao ipo miaka 545. Wala herufi zenyewe si za kuparuzaparuza. Ncha zake zimepandishwa juu zikachanua kama majani, na nafasi baina ya neno na neno imejazwa kwa nakshi pasipo neno kupotea. Samuel Flury aliyachambua maandishi hayo mwaka 1922, na tangu hapo wataalamu wamekuwa wakijadili uhusiano wa mtindo wake na ule wa Siraf, bandari ya kale ya Uajemi. Mjadala huo una nafasi yake. Hata hivyo, jiwe lenyewe halikutoka Uajemi. Ni tumbawe, na tumbawe la kuchongwa, kama itakavyoelezwa, halingojei safari ndefu.

Wajenzi wa miji ya Waswahili walitumia matumbawe ya namna mbili. La kwanza ni lile la nchi kavu, mwamba wa kale ulioachwa na bahari, mgumu na wenye matundu, ambalo lilifaa kwa kuta nene. La pili lilitolewa baharini likiwa hai. Hili, ambalo wanasayansi huliita Porites, lilikatwa maji yanapokupwa, likapandishwa ufukoni likiwa zito kwa maji. Likiwa bichi ni laini, chembe zake ni ndogo na zimelingana, na chombo cha chuma huingia ndani yake bila ya ubishi mkubwa. Likikaa hewani hukauka na kuwa gumu. Kwa hiyo fundi alipewa muda maalumu. Akichelewa, jiwe humshinda. Akiharakisha, herufi humeguka ubavu. Mwandishi wa karatasi akikosea hufuta, au huchukua karatasi nyingine. Mchongaji hana kifutio. Aliyechonga tarehe ya Kizimkazi alilazimika kujua, kabla ya pigo la kwanza, kila herufi itakaa wapi na maneno yatakomea wapi. Mwanafunzi wa ushairi anayehesabu mizani na kupanga vina angeitambua kazi hiyo mara moja lau angeonyeshwa.

Ustadi huo haukushuka kutoka jahazini siku moja. Uchimbaji ulioongozwa na Mark Horton huko Shanga, katika kisiwa cha Pate, miaka ya 1980, ulifichua misikiti iliyojengwa mmoja juu ya mwingine mahali pale pale: kwanza ya miti, baadaye ya mawe. Vizazi kadhaa vya watu vilijaribu, vikakosea, vikajaribu tena. Hata walipofikia kilele hawakuacha kukosea. Katika Msikiti Mkuu wa Kilwa Kisiwani, mafundi wa karne ya 14 walithubutu kuibebesha dari yao nguzo zilizochongwa kila moja katika tumbawe zima. Nguzo zilishindwa. Sehemu hiyo iliporomoka, ikajengwa upya katika karne ya 15 kwa nguzo za vipande vilivyoshikanishwa kwa chokaa, ambazo sura yake ni nzito zaidi na hazina fahari ya zile za awali, lakini zimesimama. Wanaousifu ustadi wa kale kana kwamba haukuwahi kuteleza wanawanyima wale mafundi heshima yao iliyo kubwa zaidi, yaani ile ya kujisahihisha.

Ipo dhana moja iliyoenea ambayo inastahili kupingwa hapa. Watu wengi hudhani kwamba kazi za kale zimedumu kwa sababu ya ugumu wa jiwe. Tumbawe si granite. Chumvi hulila, mvua hulila, mizizi ya mti hulipasua. Bandu bandu huisha gogo, seuze tumbawe. Maandishi ya Kizimkazi yamesalia kwa kuwa yalikuwa ndani, chini ya paa, na paa nalo huhitaji watu wa kulitunza. Msikiti huo ulijengwa upya katika karne ya 18. Waliojenga wangeweza kabisa kuubomoa upande wa kibla wakaweka kitu kipya kilichopendeza macho ya siku zao. Hawakufanya hivyo. Waliiacha kazi ya watu waliokufa zaidi ya miaka 600 kabla yao, wakajenga kuizunguka. Majina yao hayatajwi vitabuni, nao ndio walioliweka jiwe hilo hadi leo kuliko ugumu wake wowote. Msikiti ungali unasaliwa.

Gede, karibu na Malindi, ni hadithi ya kinyume. Mji ulihamwa katika karne ya 17, msitu ukaumeza, na kwa muda mrefu majirani zake waliuogopa kuliko walivyoutembelea. Karibu na msikiti wake mkuu lipo kaburi lenye tarehe ya mwaka 802 wa Hijria, sawa na mwaka 1399. James Kirkman alipoanza kuchimba Gede mwaka 1948, tarehe hiyo moja iliyochongwa ilikuwa na thamani kubwa kwake, kwa kuwa vigae vya udongo na vya Kichina humwambia mtafiti karne, ilhali jiwe hilo lilimtajia mwaka. Julai 2024 Gede iliingizwa katika orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO. Ni jambo la kujivunia, ingawa orodha ya Paris hainyweshi wala haipogoi mizizi.

Sasa lipo swali ambalo msomaji makini amekwisha kuliuliza. Maandishi ya Kizimkazi na ya Gede ni ya Kiarabu. Yanamhusu nini mwanafunzi wa Kiswahili? Hoja hii ina uzito na haifai kupuuzwa, hasa katika taaluma ambayo ilitumia miaka mingi kuthibitisha kwamba Kiswahili si Kiarabu kilichochakaa. Lakini lugha ya maandishi si lazima iwe lugha ya karakana. Makaburi mengi ya Ulaya yana Kilatini, na hakuna anayedai kwamba waliochonga mawe hayo walibishana bei kwa Kilatini. Dalili ya lugha ya karakana haipatikani juu ya jiwe. Inapatikana katika msamiati.

Chukua kitenzi kuaka. Maana yake ni kujenga kwa mawe na chokaa, na siku hizi hakisikiki sana. Hakikutoka Uarabuni. Ni cha ukoo wa Kibantu, na ndugu yake yumo katika Kizulu, ambamo akha ni kujenga. Kutokana na kuaka tumepata mwashi na uashi, kwa kanuni ile ile ya kimofolojia iliyotoa mpishi kutokana na kupika na mwandishi kutokana na kuandika. Kwa hiyo Kiswahili chenyewe, bila ya kushauriwa na profesa yeyote, kimemweka mwashi na mwandishi katika safu moja. Kuchonga na kuchora ni maneno ya Kibantu vilevile, na kuchora hapo zamani hakukuwa kwa kalamu tu bali kwa ncha ya chuma pia. Nakshi, kwa upande wake, ni neno la Kiarabu. Msamiati huu umechanganyika kama ulivyochanganyika ukuta wenyewe: mwamba wa nchi kavu, tumbawe la bahari, chokaa katikati.

Pale ambapo msamiati huu haueleweki, hata fasihi iliyo karatasini huanza kufifia. Al-Inkishafi ya Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir husomwa katika vyuo vingi. Mshairi analia juu ya majumba ya Pate yaliyoachwa, na miongoni mwa yanayomliza ni vidaka vya ukutani vilivyowekewa vyombo vya thamani na ambavyo sasa vimegeuka viota vya ndege. Mwanafunzi wa Nairobi huandika katika karatasi ya mtihani kwamba hiyo ni taswira ya ufanisi wa dunia na kuporomoka kwake, naye hupata alama zake. Kidaka chenyewe hajakiona. Hajui kwamba ni safu juu ya safu za vishubaka vilivyokatwa kwa vipimo katika lipu ya chokaa, wala kwamba fundi alihitaji muda na utulivu kukimaliza kimoja. Akijua hayo, kilio cha mshairi humfikia kwa njia nyingine, kwani huona kilichopotea kabla hajaambiwa kwamba kimepotea.

Pwani iko mbali, atasema mtu, na nauli ya kwenda Lamu si ya kuchezea. Kweli. Lakini Nairobi haikosi mawe. Mji huu ulianza mwaka 1899 kama kituo cha reli, mabati na mahema matopeni, na baada ya miaka michache tu ulikuwa umeanza kujijenga kwa jiwe la kijivu, lile lililotokana na majivu ya volkano, ambalo lingali linachimbwa pembezoni mwake hadi leo. Jumba la Kipande katika barabara ya Kenyatta ni la mwaka 1913. Nyumba iliyokuwa ofisi ya Mkuu wa Mkoa, ambayo sasa ni jumba la maonyesho la Nairobi Gallery, ni ya mwaka huo huo. Maktaba ya McMillan, yenye nguzo zake ndefu na simba wake wawili wa mawe, ilifunguliwa mwaka 1931, na kwa miaka mingi ilikuwa ya Wazungu peke yao. Kando yake upo Msikiti wa Jamia, uliojengwa kati ya mwaka 1925 na 1933. Mtu anaweza kuyatembelea yote kwa mguu kabla ya saa sita ya mchana.

Akiyatazama vizuri ataona alama za tindo katika nyuso za mawe. Wengi wa mafundi wa mawe wa miaka hiyo walikuwa Wahindi, wakisaidiwa na vibarua wa Kiafrika ambao baadhi yao waliishia kuwa mafundi. Pembe za mawe zimekatwa zikakutana bila ya kuacha pengo la kupitisha ukucha. Majina ya magavana na wafadhili yamechongwa katika mabamba ya milangoni. Jina la aliyeshika tindo halipo. Katika hili Nairobi haikuizidi Kizimkazi kwa lolote, wala Kizimkazi haikuizidi Nairobi. Jumba la Kipande lina kinaya chake zaidi: humo ndimo Waafrika walimoandikishwa na kupewa cheti walicholazimishwa kukivaa shingoni. Jiwe limechongwa kwa ustadi mkubwa kwa ajili ya kazi isiyo na staha, na uzuri wa jiwe hauisafishi kazi hiyo. Mawe yanapaswa kusomwa pamoja na hayo.

Magharibi ya jiji hali ni tofauti, kwa kuwa huko uashi haujawa historia. Katika vitongoji vya Kileleshwa, Lavington na Kilimani nyumba za ghorofa zinaota kila mwezi, na watu wanaozijenga hutoka Kangemi na Kawangware kwa miguu alfajiri. Mawe mengi siku hizi hukatwa kwa mashine. Hata hivyo, jiwe la pembeni, jiwe la upande wa mbele, jiwe la ukuta wa uani ambao mwenye nyumba anataka upendeze, bado hutengenezwa kwa nyundo na tindo. Fundi hukaa juu ya kiroba cha mchanga, huliegemeza jiwe katika mguu wake, hupiga mistari sambamba mpaka uso wake ukawa kama kitambaa kilichofumwa. Ana timazi yake, ana pima maji, ana uzi, ana mwiko, ana mtaimbo. Ana pia maneno ambayo hayamo katika kamusi yoyote, mengine ya Kikuyu, mengine ya Kiluhya, mengine ya Kiingereza yaliyovaa kanzu ya Kiswahili, kwa namna za mapigo, aina za nyuso na kasoro za jiwe.

Maneno hayo hayajakusanywa kwa ukamilifu. Taaluma ya Kiswahili imejitahidi, na inastahili pongezi, kuunda istilahi za isimu, za kompyuta na za sheria. Zipo kamati, yapo makongamano, zipo orodha. Ni ajabu kidogo kwamba mwanafunzi wa mwaka wa tatu anaweza kufafanua mofimu na alofoni kwa ufasaha, na asijue tindo ni nini, ilhali analisikia tindo likilia chini ya dirisha la bweni lake tangu saa moja asubuhi. Istilahi za kuundwa mezani zina wakati wake. Zile zilizoundwa na mikono ya watu hazingojei, kwa kuwa mashine ya kukata mawe haina haja ya kuita mapigo kwa majina.

Westlands, kwa muda mrefu, ilikuwa pia mahali pa kununua vinyago vya jiwe la Kisii, ambalo wengine huliita jiwe la sabuni, na katikati ya jiji vinyago hivyo vingali vinauzwa katika soko la barabara ya Muindi Mbingu na katika soko la Kimaasai linalohamahama. Jiwe hilo huchimbwa Tabaka, katika nchi ya Abagusii. Lina undugu wa kushangaza na tumbawe, si wa asili bali wa tabia. Nalo ni laini mno, ukucha huweza kulichora. Huchongwa kwa panga, kisu na patasi, hulowekwa, hupigwa msasa ndani ya maji, kazi ambayo aghalabu hufanywa na wanawake, kisha hupakwa nta. Walio na haraka hulidharau kwa ulaini wake. Lakini halinywi maji na halitishwi na moto. Elkana Ong'esa, msanii wa Tabaka, alilichonga jiwe hilo likafika makao makuu ya UNESCO mjini Paris, ambako ndege wake wa amani anatazamwa na mataifa. Jina lake linajulikana. Majina ya mamia ya wengine, ambao viboko na sahani zao zimo katika kabati za nusu ya dunia, hayajulikani, kwa kuwa mnunuzi hakuuliza na muuzaji hakuandika. Sahani huwa haina hata neno moja la Kiswahili chini yake. Kwa nini isiwe nalo?

Kati ya jiji na Westlands kuna kilima cha Makumbusho, ambapo tangu mwaka 2022 barabara kuu ya juu hupita mbele yake kwa nguzo zake za zege. Hapo ndipo yalipo makao ya Makumbusho ya Taifa ya Kenya, yenye dhamana ya Gede, Takwa, Jumba la Mtwana na Fort Jesus. Maana yake ni kwamba mengi kuhusu maisha ya mawe ya pwani huamuliwa mwendo wa dakika chache kutoka katika kumbi za mihadhara za Nairobi. Na uamuzi huo unahitaji maneno. Ukuta wa tumbawe na chokaa ukizibwa nyufa zake kwa saruji huumia, kwa kuwa saruji ni ngumu kuliko ukuta, nayo huifungia unyevu na chumvi ndani; baada ya misimu kadhaa kiraka husimama na jiwe lililokizunguka humomonyoka. Dawa yake ni chokaa iliyochomwa na kuzimwa kwa njia ya kale. Anayeijua njia hiyo ni mzee wa tanuu la chokaa, naye huieleza kwa Kiswahili cha kwao, kwa majina ya kuni, ya vipimo vya moto na ya hali za chokaa inapopoa. Kilwa Kisiwani iliwekwa katika orodha ya urithi ulio hatarini mwaka 2004, ikatolewa mwaka 2014 baada ya ukarabati ambao wakazi wenyewe waliushiriki, pamoja na mikoko iliyopandwa kuzuia mawimbi. Ripoti za kazi za namna hiyo huandikwa kwa Kiingereza au Kifaransa. Mzee wa chokaa hubaki kuwa kibarua ndani yake, wakati ndiye kamusi.

Kuna jambo jingine ambalo mawe ya Nairobi hulisema, nalo ni zito kuliko yote. Maandishi ya mwaka 1928 katika barabara ya Kenyatta huwaita wapagazi kuwa mikono na miguu ya jeshi, na humwahidi anayekufa akiipigania nchi yake kwamba wanawe watalikumbuka jina lake. Ni ahadi nzuri, na Kiswahili chake ni kizuri. Lakini katika kitako kizima hakuna jina la mpagazi hata mmoja. Waliokufa katika vita hivyo, wengi kwa maradhi na njaa kuliko risasi, wanakadiriwa kufikia laki moja. Mwaka 2021 Tume ya Makaburi ya Vita ya Jumuiya ya Madola ilikiri katika ripoti yake kwamba makumi ya maelfu ya Waafrika hawakuandikwa majina yao popote, na kwamba huo haukuwa usahaulifu tu bali ulikuwa uamuzi. Anayetaka kuona tofauti na apande gari la barabara ya Ngong, apite Dagoretti Corner, ashuke kwenye makaburi ya vita yaliyofunguliwa mwaka 1941. Humo mna makaburi yanayokaribia 2,000 ya vita vya pili. Mistari imenyooka, nyasi zimekatwa, na karibu kila jiwe lina jina, kikosi na tarehe. Hilo linaonyesha kwamba kuchonga majina mengi hakukuwa kazi isiyowezekana.

Wapagazi wa vita vya kwanza hawakupata jiwe lenye jina. Walipata neno. Kariakor, mtaa na soko la Nairobi, na Kariakoo ya Dar es Salaam, ni jina la kikosi chao lililotafunwa na midomo ya watu mpaka likawa Kiswahili. Wachuuzi wanaouza vikapu na nyama choma huko hulitamka mara mia kwa siku. Hapa neno limedumu pale ambapo mchongaji hakuajiriwa, na ni mwanaisimu, si mwanaakiolojia, anayeweza kulisoma.

Wapo watakaosema kwamba idara za Kiswahili zina shida nyingine zilizo karibu zaidi: uhaba wa wahadhiri, vitabu, na wahitimu wanaotafuta kazi. Hawakosei. Lakini kinachopendekezwa hapa hakihitaji ruzuku. Kozi ya historia ya Kiswahili inaweza kutenga majuma matatu kwa maandishi ya mawe kabla ya kuifikia Hamziya. Hati ya Kiarabu inaweza kufundishwa kwa wote badala ya kuachiwa wachache wanaokuja chuoni wakiwa wameisoma madrasani, kwani bila ya hati hiyo si jiwe tu lisilosomeka, hata miswada ya tenzi haisomeki ila kwa kutegemea macho ya mwingine. Tasnifu moja ya leksikografia kila mwaka inaweza kuelekezwa kwa waashi, wachongaji na wachoma chokaa. Na zoezi la kwanza la mwaka wa kwanza linaweza kufanyika Jumamosi asubuhi, watu wakiwa wachache mjini: kunakili maandishi ya Kiswahili ya kitako cha barabara ya Kenyatta neno kwa neno, kuyalinganisha na Kiingereza chake, na kueleza mfasiri alifanya nini.

Zoezi la pili ni la Jumatatu, saa moja kasoro, kabla fundi hajaanza kazi na kelele hazijazidi. Vifaa vinavyohitajika ni karatasi, penseli, na nauli ya matatu ya kwenda Kangemi.